Kicheko Chenye Muhuri wa Serikali

Pembeni ya picha nyingi walibandika bei.

Katika mkasa mzima wa maonesho ya Munich ya mwaka 1937, ambayo serikali ya Wanazi wa Hitler iliyaandaa ili sanaa ya kisasa ichekwe, hila hiyo ndiyo iliyonikaa kichwani kuliko mayowe yote ya Hitler. Kikaratasi kilitaja kiasi ambacho makumbusho fulani yalitoa kuinunua picha ile, kisha yakafuata maneno kwamba fedha hizo zilitoka katika kodi ya Wajerumani wachapakazi. Kiasi chenyewe kilitisha: maelfu kwa maelfu ya marki, pengine hata zaidi. Baba wa watu ametoka kiwandani, yuko na mkewe, anautazama uso wa kijani wenye macho yaliyopishana, anasoma bei, anachemka. Kisichoandikwa pale ni kwamba picha kadhaa zilinunuliwa mwanzoni mwa miaka ya 1920, Ujerumani ilipokumbwa na mfumuko wa bei ambao Wajerumani hawajausahau mpaka leo. Novemba 1923 mkate mmoja uliuzwa kwa mabilioni ya marki. Kwa hesabu hiyo hata kabichi ingetundikwa ukutani pale ingeonekana ni wizi wa mali ya umma.

Maonesho hayo yaliitwa Entartete Kunst. Tuseme Sanaa Potovu, ingawa neno la Kijerumani ni zito zaidi, nami nitalirudia baadaye. Yalifunguliwa tarehe 19 Julai 1937 katika jengo la taasisi ya akiolojia, kando ya bustani ya Hofgarten. Ndani yake zilisongamana kazi zaidi ya 600 za wasanii 112, zilizochukuliwa kutoka makumbusho 32 ya nchi nzima. Nyingine zilitundikwa upogo makusudi, nyingine zilibanana kama nguo mnadani, na ukutani wakaandika maneno ya kuwadhihaki walioziumba. Kiingilio kilikuwa bure. Watoto hawakuruhusiwa, jambo ambalo kila mfanyabiashara wa burudani anajua linavyovuta watu wazima. Kufikia mwisho wa Novemba walikuwa wamepita pale watu zaidi ya milioni mbili.

Siku moja kabla, mwendo mfupi tu kwa miguu kutoka hapo, Hitler alikuwa amefungua jumba jipya la sanaa ya Kijerumani, limejaa wakulima wenye mikono minene, askari wenye videvu vya mraba, na wanawake uchi wenye afya tele ambao hawaonekani kuwa na wazo lolote kichwani. Hiyo ndiyo sanaa iliyoagizwa kupendwa. Haikupata hata nusu ya watazamaji wa ile iliyoagizwa kuchekwa.

Tukitaja utawala wa kiimla na sanaa, wengi wetu huwaza kufuli: kitabu kimefungiwa, picha imefichwa, msanii yuko ndani. Yote hayo yalikuwepo Ujerumani. Lakini Wanazi walifanya jambo ambalo mpiga marufuku wa kawaida halifanyi. Walizitoa picha stoo, wakazitundika, wakawaita watu waje kuzitazama. Walihitaji kitu ambacho marufuku haimpi mtawala, nacho ni kicheko cha raia.

Kipo kicheko kisicho na dhambi. Mtu anasimama mbele ya picha, anainamisha kichwa huku na huku, anasema, "Hii nayo ni sanaa?" Anacheka, anaendelea na safari yake. Mimi mwenyewe nimecheka hivyo mara nyingi, na zipo picha ambazo mpaka leo sijazielewa wala sizipendi. Kutoelewa si kosa, na kutopenda ni haki ya mtu kama ilivyo haki yake kukataa bamia. Utawala ule ulikichukua kicheko hicho cha mtu wa kawaida, ukakipiga muhuri, ukakigeuza hukumu. Kuanzia hapo mtu aliyesema "sielewi" hakuwa tena anazungumzia macho yake. Alikuwa shahidi wa upande wa mashtaka.

Ili kicheko kifanye kazi hiyo, lazima kwanza aondolewe yule anayesimama pembeni na kusema, "Ngoja nikueleze." Ukizipanga tarehe utaona jinsi walivyomwondoa kwa utaratibu. Aprili 1933 ilitoka sheria ya utumishi wa umma iliyofungua mlango wa kuwatimua Wayahudi na wote walioonekana hawaaminiki kisiasa. Mchoraji Paul Klee akatolewa ualimu wa chuo cha sanaa cha Düsseldorf, Otto Dix akatolewa Dresden, Max Beckmann akatolewa Frankfurt, na wakurugenzi wa makumbusho wakafuata. Shule ya sanaa na usanifu ya Bauhaus, ambayo polisi walikuwa wameivamia Berlin mwezi huohuo wa Aprili, ilifunga milango Julai. Septemba ikaundwa Chemba ya Utamaduni ya dola, chini ya Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler. Asiye mwanachama hana ruhusa ya kufanya kazi ya sanaa, na uanachama unatolewa na haohao wanaoweza kuunyima.

Halafu ikaja Novemba 1936, ambayo sisi tunaoandika makala za maoni tungepaswa kuijua kama tunavyojua siku zetu za kuzaliwa. Goebbels alipiga marufuku uhakiki wa sanaa. Hakuyafunga magazeti. Alisema tu kwamba kuanzia sasa hakuna mhakiki, kuna mtoa taarifa za sanaa, na kazi yake ni kueleza kilichoonekana, si kukipima. Ieleze picha, usiiamue. Ukitaka kuamua, uamuzi umeshatolewa, utaukuta juu. Miezi minane baadaye ndipo maonesho ya Munich yakafunguliwa. Wahakiki walizitangulia picha kwenda jela, na mimi nadhani mpangilio huo haukuwa bahati. Katika mji wenye magazeti yanayobishana, zile bei za kwenye vikaratasi zisingemaliza wiki kabla ya mtu kuzipigia hesabu hadharani.

Nikiri upande wa pili. Ulimwengu wa sanaa nao una lawama yake, kule Ujerumani na kwingineko. Wenye kujua mara nyingi huandikiana wenyewe kwa wenyewe, kwa lugha ya kufunga mlango, na mlipa kodi akiuliza swali la kweli hutazamwa kama aliyeingia msibani na ngoma. Mtu aliyedharauliwa miaka kumi anamsikiliza yeyote atakayemwambia, "Wewe ndiye uliyeona sawa." Hitler, ambaye chuo cha sanaa cha Vienna kilimkataa mara mbili, mwaka 1907 na 1908, alilijua donda hilo kutoka ndani.

Wapo wanaodhani Wanazi walizaliwa wakizichukia picha hizi. Sivyo. Mwaka 1933 umoja wa wanafunzi wa Kinazi wa Berlin ulisimama kuwatetea wachoraji kama Emil Nolde na mchongaji Ernst Barlach, ukidai hao ndio roho halisi ya Ujerumani ya kaskazini. Alfred Rosenberg, mwananadharia wa chama, aliwapinga vikali. Goebbels alikuwa akiyumba katikati, na nyumbani aliipenda sanaa hiyo. Albert Speer, msanifu majengo wa Hitler, alisimulia baada ya vita jinsi alivyokarabati nyumba ya Goebbels na kuipamba kwa picha za rangi za maji za Nolde alizoziazima kutoka Makumbusho ya Taifa ya Berlin. Goebbels na mkewe walizifurahia sana. Siku Hitler alipofika kuitazama nyumba na kuonesha kutozipenda, Goebbels alimwita Speer haraka: picha ziondoke mara moja, haziwezekani kabisa.

Mimi naona kisa hicho kinaeleza zaidi ya vitabu vizito vya nadharia. Picha ni zilezile, ukuta ni uleule. Kilichobadilika ni nani kaingia sebuleni. Goebbels hakushawishiwa kwamba picha ni mbaya. Huenda jioni ile bado alizipenda. Alichokitoa sadaka ni haki ya kuwa na jicho lake, na mtu aliyekubali kuitoa hiyo yeye mwenyewe hashindwi kuwanyang'anya wengine.

Nolde mwenyewe ndiye mfano unaoniumiza kichwa. Laiti angekuwa mtu mwema, makala hii ingekuwa nyepesi kuandika. Alizaliwa mwaka 1867 karibu na mpaka wa Denmark, akachora bahari na maua kwa rangi zinazowaka kama makaa. Alikuwa Nazi kwa hiari yake, mwanachama tangu 1934. Aliwachukia Wayahudi kwa maandishi, na mwaka 1933 alimsema mchoraji mwenzake, Max Pechstein, kwa afisa wa serikali kwamba ni Myahudi. Pechstein hakuwa Myahudi, na hata angekuwa, jambo lenyewe linabaki lilivyo. Mtu huyu ndiye aliyepoteza kazi nyingi kuliko msanii mwingine yeyote: 1,052 ziliondolewa katika makumbusho ya nchi yake. Alimwandikia Goebbels akilia kwamba sanaa yake ni ya Kijerumani na kwamba yeye ni mtiifu. Haikumsaidia. Mwaka 1941 alifukuzwa kwenye Chemba na kuzuiwa kufanya kazi yake.

Baada ya vita ikaota hadithi tamu ya mzee aliyechora kwa siri, shujaa aliyeonewa. Ujerumani Magharibi ilimkumbatia, maana kila aliyenyamaza zama za Hitler alipenda kujiona katika mzee huyo. Ilichukua mpaka 2019, kwa maonesho makubwa ya Berlin yaliyotandaza barua zake hadharani, ndipo hadithi ikavunjika mbele ya umma. Mwaka huohuo Angela Merkel, kansela wa Ujerumani wakati huo, aliondoa ofisini kwake picha mbili za Nolde, na hakuzirudisha.

Mwandishi wa makala hushawishika hapa kusema, "Basi alistahili." Sikubali. Picha za baharini za Nolde hazikumsema mtu, na kilichomwangusha hakikuwa chuki yake bali rangi zake. Ila kupigwa marufuku si cheti cha usafi. Mateke ya punda hayamfanyi aliyepigwa kuwa mtakatifu.

Matayarisho ya Munich yalifanywa mbiombio. Tarehe 30 Juni 1937 Goebbels alimpa mamlaka Adolf Ziegler, mwenyekiti wa chemba ya sanaa za kuonekana, kuzunguka nchi na kuchukua atakacho. Ziegler alikuwa mchoraji wa wanawake uchi waliochorwa kwa umakini wa daktari, hata watani wakampa jina la utani la mambo ya nywele ambalo gazeti la heshima haliwezi kuchapa. Alikuwa na wiki zisizotimia tatu. Haraka hiyo ilizaa vituko. Mchongaji Rudolf Belling alijikuta katika maonesho yote mawili kwa wakati mmoja: sanamu yake ya bondia Max Schmeling ikisifiwa kwenye jumba jipya, na kazi zake nyingine zikitukanwa kule Hofgarten. Ilibidi zile za Hofgarten ziondolewe kimyakimya.

Kituko cha Franz Marc kinauma zaidi. Huyu ndiye aliyechora farasi wa buluu, akajiandikisha vitani, akauawa karibu na Verdun tarehe 4 Machi 1916, kifua chake kikiwa na nishani ya Msalaba wa Chuma. Picha yake kubwa, Mnara wa Farasi wa Buluu ya 1913, ilitundikwa Munich kati ya "wahaini wa taifa". Chama cha maofisa wa jeshi kikalalamika: huyu ni mwenzetu, kafia bendera. Picha ikashushwa. Waliolalamika hawakusema kwamba farasi wa buluu ni wazuri, wala kwamba dola haina kazi ya kuchagua rangi za farasi. Walisema tu mchoraji ana nishani. Göring, mmoja wa wakubwa wa karibu wa Hitler, aliichukua picha hiyo, na tangu 1945 haijaonekana tena.

Sasa nirudi kwenye lile neno. Entartet kwa asili si neno la sanaa. Ni la kuzungumzia kizazi, la kiumbe aliyetoka katika mbegu yake akaharibika. Aliyelitia umaarufu katika mambo ya sanaa ni Max Nordau, daktari, katika kitabu cha 1892, na Nordau alikuwa Myahudi ambaye baadaye alikuwa miongoni mwa viongozi wa mwanzo wa Uzayuni. Mwaka 1928 msanifu majengo Paul Schultze-Naumburg alichapisha picha za wachoraji wa kisasa zikiwa sambamba na picha za wagonjwa na walemavu, kama kusema: tazama, ni ugonjwa uleule. Kufikia Munich, tusi lilikuwa limevaa koti jeupe la daktari. Katika hotuba ya kulifungua lile jumba jipya Hitler alisema kwamba wanaoona kweli mbuga za buluu na mbingu za kijani wana kasoro ya macho, na wizara ya mambo ya ndani iangalie wasiirithishe. Na kama hawaoni hivyo bali wanadanganya, basi mahakama za jinai zinawahusu. Nchi hiyo ilikuwa tayari na sheria ya kuhasi watu kwa nguvu tangu Julai 1933, kwa hiyo watu walioketi pale walijua anachokizungumzia. Elfriede Lohse-Wächtler, mchoraji wa Dresden na Hamburg aliyewachora wagonjwa wenzake wa hospitali ya akili kwa upole usio wa kawaida, alihasiwa mwaka 1935. Tarehe 31 Julai 1940 aliuawa kwa gesi huko Pirna, pamoja na wagonjwa wengine.

Na kati ya wasanii 112 wa Munich, Wayahudi walikuwa sita tu. Sita. Maandishi ya ukutani, hata hivyo, yalipiga kelele za Uyahudi kila chumba. Mojawapo lilisema kwamba katika Ujerumani, mtu Mweusi ndiye anayefanywa kielelezo cha rangi cha sanaa potovu. Hapo ndipo hadithi hii inapogusa upande wetu wa dunia.

Kikundi cha wachoraji cha Die Brücke, ambacho Ernst Ludwig Kirchner alikuwa mhimili wake, kilianzishwa Dresden Juni 1905. Mwezi uliofuata vita vya Majimaji vilianza huku kwetu. Vijana hao wa Dresden walijifunza mengi kwenye makumbusho ya mji wao, wakitazama michongo ya Afrika na ya visiwa vya Pasifiki iliyofika huko kwa njia za kikoloni, wakati silaha na vitu vilivyoporwa Majimaji vikipakuliwa makumbusho ya Berlin. Hawakuuliza sana vilifikaje. Waliona tu kwamba mchongaji asiyejulikana jina amejua jambo ambalo chuo cha sanaa cha Ulaya kilikuwa kimelisahau: uso unaweza kusema kweli bila kufanana na uso. Miaka thelathini baadaye dola ileile iliyokuwa imejaza makabati yake michongo hiyo iliigeuza kuwa tusi la kuwatukania wachoraji wake. Juu ya jalada la kijitabu cha maonesho waliweka kichwa kikubwa kilichochongwa na Otto Freundlich mwaka 1912, midomo minene, pua pana. Hawakuhitaji kueleza zaidi, jalada lilijieleza. Freundlich, ambaye alikuwa Myahudi, alikamatwa Ufaransa na kuuawa kambini Majdanek mwaka 1943.

Wakati huohuo Berlin iliishi na mtu wa Dar es Salaam. Bayume Mohamed Husen, mzaliwa wa 1904, aliyekuwa askari mtoto katika jeshi la Wajerumani wakati wa Vita vya Kwanza, alifundisha Kiswahili chuo kikuu na kuigiza katika filamu. Filamu yake ya mwisho, ya mwaka 1941, ilimtukuza Carl Peters, yule ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Hiyo ndiyo sanaa iliyoruhusiwa: Mwafrika akae ndani ya picha, katika nafasi aliyopangiwa. Mwaka huohuo Husen alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, akapelekwa kambi ya Sachsenhausen, akafia huko Novemba 1944. Mchongo wa Kiafrika ulishtakiwa kwa kumfundisha Mjerumani. Mwalimu wa Kiafrika aliuawa na dola ileile aliyokuwa akiitumikia.

Sehemu ya biashara nitaipitia haraka, maana haina fumbo. Baada ya Munich kamatakamata iliendelea mpaka kazi zilizotolewa makumbusho zikakaribia 20,000. Mei 1938 ikatungwa sheria ya kuhalalisha kilichokwisha kufanyika, bila fidia. Kisha takataka hizo za taifa zikageuka dhahabu. Tarehe 30 Juni 1939, mjini Lucerne, Uswisi, kazi 125 bora zilipigwa mnada kwa fedha za kigeni. Picha ya Van Gogh aliyojichora mwenyewe, mali ya makumbusho ya Munich, ilikwenda kwa faranga 175,000. Wafanyabiashara wanne walipewa kazi ya kuuza nyingine, mmoja wao Hildebrand Gurlitt, ambaye mwaka 1930 alikuwa amefukuzwa ukurugenzi wa makumbusho ya Zwickau kwa kosa la kupenda sanaa hiyohiyo. Alibakisha nyingi nyumbani. Mwaka 2012 maofisa waliingia katika nyumba ya mwanawe huko Munich wakakuta kazi zaidi ya elfu moja. Baada ya vita mauzo ya dola hayakutenguliwa. Picha ya Kirchner ya mtaa wa Berlin, iliyotolewa Makumbusho ya Taifa ya mji huohuo, ilinunuliwa mwaka 1939 na makumbusho ya sanaa ya kisasa ya New York na ipo huko kwa haki zote. Mwizi alikuwa dola, na aliyeibiwa alikuwa dola.

Kirchner hakuiona safari hiyo. Kazi zake 639 ziliondolewa makumbusho. Aliishi milimani karibu na Davos, na tarehe 15 Juni 1938 alijipiga risasi.

Na yule mtu wa kawaida, je, alidanganyika kabisa? Sidhani. Kati ya milioni mbili walikuwamo waliopita vyumba vile polepole mno, bila kucheka, kama mtu anayeaga maiti. Walijua pengine hawatazitazama tena picha hizo. Lakini katika chumba kilichobanana watu, kicheko husikika na kimya hakisikiki, na utawala ulihesabu vichwa tu mlangoni.

Ukitaka kujua kwamba hila hii si ya Wanazi peke yao, iangalie Moscow tarehe 15 Septemba 1974. Wachoraji wasiotambuliwa na chama tawala cha Kikomunisti walipeleka picha zao kwenye uwanja mtupu wa Belyayevo. Serikali ikaleta matingatinga na magari ya kumwaga maji. Maelezo yaliyotolewa kwa dunia yalikuwa kwamba wafanyakazi walifika pale kutengeneza bustani na wakakerwa. Wafanyakazi! Hata tingatinga lilihitaji kuendeshwa kwa jina la mtu wa kawaida aliyekasirika. Wiki mbili baadaye, aibu ilipozidi, wakaruhusu maonesho ya saa chache katika bustani ya Izmailovo, na watu wakafurika.

Au uitazame safari ya sanamu moja ya Barlach. Mwaka 1927 alilichongea kanisa kuu la Güstrow, kaskazini mwa Ujerumani, kumbukumbu ya waliokufa vitani: malaika wa shaba anayeelea hewani, ananing'inia kwa minyororo, macho amefumba, mikono ameikunja kifuani. Hana upanga wala bendera. Mwaka 1937 aliondolewa, baadaye akayeyushwa kwa matumizi ya jeshi. Barlach alikufa Oktoba 1938. Marafiki zake walikuwa na kalibu yake. Mwaka 1939 wakamsubu kwa siri malaika wa pili, wakamficha kijijini mpaka vita vikaisha. Siku hizi yuko kanisani Cologne.

Desemba 1951, katika Ujerumani Mashariki iliyojiita dola ya wafanyakazi na wakulima, yalifanyika maonesho ya kazi za Barlach jijini Berlin. Januari 1952 gazeti la chama tawala lilimshukia marehemu: watu wake ni wazito, hawana matumaini, hawamfai mfanyakazi anayejenga nchi mpya. Bertolt Brecht, mwandishi wa tamthilia, alichukua kalamu kumtetea. Mwaka 1953 malaika wa tatu alisubiwa kwa kalibu iliyotolewa kwa yule wa Cologne, akapelekwa Güstrow, ndani ya nchi ya gazeti hilohilo, akatundikwa kanisani.